Jiwe linalopungua uzito likipata joto: nisaidieni kulibana kabla stori haijaniharibikia

jakisumo_mwandishi:

Habari zenu wadau. Niko Kisumu, kazi yangu ya mchana haihusiani kabisa na hii lakini usiku naandika stori ya fantasia ambayo naituma kwa watu wa grupu sura kwa sura, na sasa wameanza kunibana maswali. Kwenye dunia ya hiyo stori kuna mawe yanaitwa ndarasi. Ni ya kijivu yenye mishipa ya kijani, ukilikwaruza na kucha linatoa vumbi lenye harufu ya kiberiti. Uchawi wake ni mmoja tu, likipata joto linakuwa jepesi, likipoa linarudisha uzito. Saa sita mchana mtoto wa darasa la tatu anabeba tofali la ndarasi ukubwa wa debe, usiku wa manane hilo hilo wanaume wanne hawalitikisi. Sasa mafundi wa mji wa Zimbari wanajenga mchana, mawe yanapanda juu bila jasho, usiku ukuta unapoa unajikandamiza wenyewe na umeshikana. Hakuna chokaa hakuna udongo. Wamejenga minara, ngome, madaraja, kila kitu.

Shida ni dada yangu mdogo. Amesoma mpaka sura ya nne akaniuliza, kama mawe ni rahisi hivyo mbona huyu mhusika wako mkuu amezaliwa kwa nyumba ya udongo? Nikamwambia ndarasi ni adimu, akasema hilo ni jibu la uvivu. Nikasema basi mfalme amekataza raia wasiitumie, akasema wataiba, watu huiba hata nyaya za stima. Nimekwama hapo wiki nzima na watu wanadai sura ya tano.

Naomba mnisaidie kulipa hili jiwe shida zake. Lakini shida zitoke ndani ya jiwe lenyewe tafadhali, sitaki laana ya mizimu wala mzee fulani alikataza.

fundi_wa_kondele:

Omera mimi ni fundi wa mawe, stori za kubuni sisomi sana lakini hii imenishika kwa sababu umeandika jiwe na hujalijenga. Shida unazo tele tayari.

Anza na jikoni. Ukuta ulio nyuma ya mafiga unapata moto asubuhi na jioni, si ndio? Basi huo ukuta unapoteza uzito kila mara mama akiweka maharagwe, na maharagwe unajua yanavyokaa motoni. Juu ya huo ukuta kuna mbao za paa, na alasiri upepo wa ziwa unaanza, sasa una ukuta usio na uzito, paa la nyasi na upepo, hapo utaongea nini. Nyumba ikishika moto ndio usiseme, jirani atakuta msingi tu. Kwa hivyo Zimbari jiko lazima lijengwe kando, kwa udongo ama mawe ya kawaida, hata kwa tajiri. Tayari una nyumba ya udongo kila boma na hujatumia mfalme.

Halafu jua. Sisi huku tuko ikweta, pita Maseno utaona kile kibao chake, jua linapita karibu juu ya kichwa mwaka mzima. Ukuta wa mashariki unachomwa asubuhi, wa magharibi unachomwa kuanzia saa tisa mpaka jua lizame, ile ya kaskazini na kusini haipati moto wa maana. Ndio maana mtu anayejua kujenga Kisumu anaelekeza ubavu mrefu wa nyumba kaskazini na kusini na hatoboi madirisha makubwa magharibi, la sivyo utalala kwa oveni. Kwako wewe hiyo ni ya kufa na kupona. Saa kumi na moja jioni upande mmoja wa mnara hauna uzito na ule mwingine umeshaanza kurudisha wake. Hauanguki siku hiyo. Unasogea kidogo, usiku unarudi, lakini haurudi palepale. Mwaka ukiisha tundika timazi juu ya huo mnara uone.

Na msingi sasa, hapa ndio nilitaka kufika. Unajua udongo mweusi wa nyanda za Kano hapa Kisumu? Kiangazi unapasuka mpaka mguu wa mbuzi unaingia, mvua ikija unafura unainua slabu, nyufa nyingi unazoona kwa nyumba za huku zinaanzia chini hapo. Dawa yake ni kuuchimba wote uutoe mpaka ufike chini kugumu, unajaza muramu unashindilia, unajaza unashindilia, na mwenye nyumba analia pesa imeisha kabla hata jiwe moja halijaonekana juu. Hiyo ni ardhi inayosogea na misimu. Wewe umeleta nyumba inayobadilisha uzito kila siku ya Mungu, kila usiku inakanyaga msingi upya. Haiwezi kukaa juu ya udongo wowote ninaoujua. Itataka mwamba mtupu. Na viwanja vya mwamba Zimbari vitakuwa vya akina nani? Mwambie dada aanze kuhesabu hapo.

kiamunyi_juu:

Fundi ameongea ya saiti, wacha mimi niongee ya machimbo kwa sababu nadhani jibu kamili la dada liko huko.

Niko Nakuru, Menengai naiona nikifungua mlango. Ule ni mdomo wa volkano, ukubwa wake kama kilomita 12 kwa 8, chini mvuke unatoka kwa nyufa za mawe, na tangu 2011 wanachimba visima huko kutafuta mvuke wa kutengeneza stima. Ukienda kusimama ukingoni asubuhi ya Julai, baridi ikiwa kali, unaona huo mvuke umesimama vizuri kabisa. Weka ndarasi mahali kama hapo. Mwamba wake ni wa moto mchana na usiku, kwa hivyo machimboni jiwe ni jepesi daima, mchimbaji hahitaji misuli anahitaji kamba, maana kipande kikikatika upepo unakichukua. Watoto wa wachimbaji wanalinda mawe yasipeperuke, hiyo ndio kazi yao baada ya shule.

Sasa litoe hapo. Kila hatua linapoa, kila hatua linaongeza uzito. Kwa geti la machimbo punda mmoja anabeba ukuta mzima wa chumba. Chini ya mlima ni punda watatu. Ukifika nyanda za ukungu kwa kina mhusika wako tofali moja linakunywa ng'ombe kumi na mkokoteni umevunjika ekseli. Watasafiri mchana tu jua likiwaka, mvua za Machi mpaka Mei biashara inalala, na mwenye haraka atapasha mawe njiani kwa kuni, lakini kuni ni pesa na misitu inaisha, hapo una ugomvi mwingine wa bure.

Hata huku kwetu bei ya jiwe machimboni na bei yake likifika saiti ni watu wawili hawajuani, katikati kuna lori, dizeli, wapakiaji na barabara mbovu. Kwa hivyo usiandike kwamba ndarasi ni adimu. Iko tele, mlima mzima, ila bei yake inapanda kadiri unavyokaa mbali na moto. Ramani ya nchi inajichora yenyewe: wenye pesa wamebanana ukingoni mwa shimo wakivumilia harufu ya kiberiti na matetemeko, maskini wako mbali kwa hewa safi na nyumba za udongo. Mimi hiyo naipenda kuliko mfalme kukataza.

Kitu kingine, usijenge mnara wote kwa ndarasi. Waroma walikuwa wanachanganya chokaa na majivu ya volkano, yale ya Pozzuoli karibu na Naples, na lile kuba la hekalu la Pantheon pale Roma lina upana wa mita 43. Chini waliweka vipande vizito, wakipanda wakaweka vyepesi zaidi, juu kabisa wakamalizia na mawe ya volkano yenye matundu, jamaa ya yale tunasugulia visigino. Hakuna chuma ndani na limesimama karibu miaka 1,900. Mafundi wa Zimbari watakuwa wamejifunza hivyo kwa kuzikwa, wajukuu ndio wakaelewa kwamba mawe ya kawaida yanakaa chini na ndarasi inakaa juu.

mulembe_kk:

Mulembe. Nyinyi mnamwulia kijana stori. Uchawi ukishauhesabia punda na ekseli si uchawi tena, ni hesabu ya darasa la nane. Hapa Ilesi njia ya kutoka Kakamega kwenda Kisumu kuna lile Jiwe la Machozi, mwamba mrefu na mwingine juu yake na maji yanatiririka kwenye shingo, sisi tumekua tukiambiwa analia na hakuna mtu alienda na kalamu kuuliza analia lita ngapi. Pale kwa yale mawe ya Kit Mikayi watu wanapanda kuomba na kurudi nyumbani. Jiwe likiwa na siri liache na siri yake.

Ila kama lazima mumwongezee shida basi mngemwambia ya mvua. Huku kwetu asubuhi ni jua la kuchoma shingo, saa nane wingu limekaa juu ya msitu, saa tisa inamwagika na mara nyingine ni mawe ya barafu. Sasa chukua fundi amesimama juu ya ngazi, amenyanyua tofali la ndarasi juu ya kichwa na mkono mmoja, anapiga stori na mwenzake, na ile barafu ya kwanza inaanguka juu ya tofali.

kiamunyi_juu:

@mulembe_kk wewe umekuja kukataa hesabu na umeacha hesabu mbaya kuliko zote hapa 😂 Lakini hilo la siri nalipinga. Msomaji hatauliza jiwe linafanyaje kupungua uzito, hiyo wacha iwe siri mpaka mwisho. Atauliza linafanya nini kwa watu. Dada yake hajauliza habari ya uchawi hata mara moja, ameuliza mbona huyu mtoto analala kwa udongo.

jakisumo_mwandishi:

Fundi, ile ya maharagwe nimemsomea dada, amecheka mpaka akakaa chini. @mulembe_kk huyo fundi wa ngazi ameingia stori, pole kwake. Kwa hivyo Zimbari wingu likionekana mtu anapiga baragumu na kila mkono unashuka, si ndio? Na anayepiga baragumu anaweza kuhongwa asipige.

Lakini nina shida bado. Kama kuta zinayumba na jua hivi, mji wenyewe umesimamaje? Nahitaji mji usimame, nusu ya sura zangu ziko kwa huo mnara.

nyar_migori:

Nimesoma kutoka juu mpaka hapa, mmeenda Roma na kurudi na hakuna hata mmoja ametaja Thimlich Ohinga, na iko hapa hapa kwetu Migori.

Kwa wasioijua, ni maboma ya kale ya mawe, inakisiwa yalianza kujengwa karne ya 16. Kuta zingine zinapita mita nne kwenda juu, unene ni mita moja mpaka tatu, na hakuna chokaa wala udongo wa kushikanisha, ni mawe juu ya mawe yamebebana mpaka leo. UNESCO waliiweka kwa orodha ya urithi wa dunia mwaka 2018. Milango ni mifupi, unaingia umeinama, kwa hivyo ukija na nia mbaya kichwa chako ndio kinatangulia.

Nenda usimame karibu na ukuta uangalie vile umepangwa. Kuna uso wa nje, kuna uso wa ndani, kila mmoja umepangwa kivyake, halafu katikati wakajaza tabaka la tatu linalofunga hizo mbili. Mawe hayakuchongwa kulingana, kila moja limetafutiwa mahali pake, pengo likibaki linawekewa kadogo. Ukikagusa hako kadogo hakatoki. Mtu alikaa hapo akijaribu moja anatoa, anajaribu lingine anatoa.

Sasa ndugu mwandishi, jenga mnara wako hivyo. Nje mawe ya kawaida, ndani mawe ya kawaida, katikati ndarasi. Waipange mchana ikiwa nyepesi, kabla jioni haijafika iwe imefunikwa. Jua halitaifikia tena, ndani ya ukuta wa mita mbili kuna baridi mwaka mzima, kwa hivyo huko katikati inakaa nzito usiku na mchana na inavuta ukuta wote chini. Mji umesimama.

Na hii ndio nilitaka kukuambia hasa. Watu wa Zimbari wenye mawe mepesi hawajawahi kujifunza kupanga mawe, kwa nini wajifunze, wao hurusha tu juu. Wanaojua kupanga ni watu wa mbali ambao ndarasi haiwafikii. Kina mhusika wako. Mamake amezaliwa kwa nyumba ya udongo lakini zizi la ng'ombe wao ni la mawe makavu, babu alipanga na halijawahi kusogea. Wakati minara ya mjini inaanza kuinama nani ataitwa?

fundi_wa_kondele:

@nyar_migori wewe dada ungekuwa saiti ningekupa kiti. Hiyo ya katikati ni sawa kabisa, na ukuta mnene hivyo joto la mchana likianza kuingia usiku unakuwa umefika, haifiki ndani.

Mwandishi ongeza tu kwamba jiwe la uso likitoka moja kwa upande wa magharibi lazima lirudishwe siku hiyo hiyo, jua lisiingie kwa lile shimo. Kwa hivyo kila mnara una mtu wake wa kuuzunguka kila asubuhi akipapasa mawe. Hiyo ni ajira, mpe mhusika wako hiyo aanze nayo kabla hajawa mkubwa.

kiamunyi_juu:

Na kwa wale hawana nafasi ya ukuta wa mita mbili kuna plasta. Ukitoka Nakuru kuelekea Gilgil, karibu na Ziwa Elementaita kuna Kariandusi, hapo wanachimba diatomaiti. Ni kitu cheupe, masalia ya vijimea vidogo sana vilivyoishi kwa ziwa la kale, ukishika kipande unashangaa mkono umepanda peke yake. Kina vitundu ndani havionekani kwa macho na kwa sababu hiyo joto halipiti haraka, wanakitumia kuchuja vinywaji na pia kukingia joto kwa tanuri za viwandani. Wape Zimbari unga mweupe kama huo wapake nje. Aliye na pesa ya kupaka nyumba yake ni nyeupe na imetulia, asiye nayo nyumba inabaki ya kijivu, alasiri vikombe vinagongana kabatini na wageni wanajifanya hawasikii.

Kuna mtu atapaka nyeupe upande wa barabarani peke yake, wewe jua hivyo.

boda_nyalenda:

Mimi sijui mambo ya ujenzi, nataka kuuliza tu, wezi wa huko wanafanya kazi saa ngapi? Kwa sababu usiku jiwe halibebeki. Kwa hivyo mwizi anakuja saa saba mchana, jua kali, watu wote wako macho, anang'oa ukuta wako anaweka kwa bega anatembea nao kama fundi. Utamjuaje? Kila mtu mjini anatembea na ukuta begani.

jakisumo_mwandishi:

😂😂 boda umeniua. Hiyo ni sura nzima. Mlinzi wa usiku Zimbari hana kazi, wa mchana ndio analipwa.

Nimeshika hivi: machimbo ni ya moto na bei inapanda na umbali, mamake mhusika ni mpangaji wa mawe makavu kutoka nyanda za ukungu, minara ya zamani iliyojengwa ndarasi tupu imeanza kuinama magharibi na wakubwa hawataki kusema. Baragumu ya mvua naiweka mwanzo kabisa. Nyar Migori ero kamano sana, nilikuwa natafuta sababu ya huyu msichana kwenda mjini na nilikuwa nimempa mjomba mgonjwa, mjomba nitampa dawa apone.

Swali la mwisho kwa fundi, huko mafundi walipwe aje? Kwa siku ama kwa futi?

fundi_wa_kondele:

Kwa futi, usijaribu kwa siku. Kwa siku watakaa kivulini mpaka saa nne wakisema jiwe bado halijashika joto, na saa tisa watasema linaanza kurudisha uzito. Kati hapo wamekunywa chai na kula. Mimi ningefanya hivyo.

Lakini kuna kitu hakuna mtu amegusa. Umesema ukuta unasogea na jua, na upande wa magharibi kuna jirani. Miaka kumi baadaye ukuta umeingia kwa shamba lake. Mpaka uko wapi?

mulembe_kk:

Hiyo sasa ndio stori. Huku ndugu wa tumbo moja wanapelekana kwa chifu kwa sababu ya mstari mmoja wa makonge, na makonge hayatembei.

Wataita mpimaji. Mwenye ukuta atataka aje alasiri wakati umeinuka kidogo hauonekani umekaa kwa mtu, jirani atamtaka alfajiri ukiwa umelala kwa shamba lake na uzito wake wote. Kwa hivyo kabla ya kupima chochote wataanza kwanza kesi ya saa, na hiyo peke yake itachukua miaka, na mpimaji atakula kwa wote wawili.

jakisumo_mwandishi:

Mpimaji nimeshampa jina. Sura ya tano inatoka Ijumaa jioni.